Kamba Tumboni mwa Jeuri

Wapendwa, mvua imeanza kunukia, na najua wengine humu miili iko kwenye benchi lakini mioyo imeshatangulia shambani. Siwarudishi. Twendeni wote huko huko shambani, nikawaonyeshe mama mmoja.

Mama huyu aliishi katika nchi ya plau na maksai, nchi ya udongo mweusi unaonata mguuni kama mtoto asiyetaka kuachwa. Jina lake silitaji, na kwa nini silitaji mtajua mwishoni. Maksai wake ndio nitakaowatajia majina. Mmoja aliitwa Sumuni: mwembamba, mwendo wa haraka, masikio hayatulii. Mwingine aliitwa Jeuri. Jeuri alikuwa mzigo wa ng'ombe. Shingo nene, nundu imelala upande, na tumbo, ndugu zangu, tumbo lililoyumba kushoto na kulia akitembea, kama gunia la mpunga juu ya baiskeli.

Mume wa mama huyu alikuwa mlinzi mjini, akirudi kwa sikukuu. Basi plau akalishika mwenyewe. Mwaka wa kwanza watu walisimama kando ya shamba kumcheka. Mwaka uliofuata wakaja wale wale, kofia mkononi, kumwomba awalimie. Kwa nini? Kwa sababu mistari yake ilinyooka kama uzi wa fundi. Na ilinyooka kwa sababu ya ule mwili aliokuwa nao, mpana wa mabega, mzito wa nyonga, mwili uliolikandamiza plau likauma udongo na kutulia. Udongo mweusi haubembelezwi. Mtu mwepesi akilishika plau humo, plau humrusha. Yeye halikumrusha.

Mbele ya maksai alitangulia wifi yake, dada wa mumewe, mwanamke mkavu kama kuni ya kiangazi, mwenye mdomo usio na mlango. Wifi anaongoza mbele, mama anakandamiza nyuma, Jeuri na Sumuni wanavuta katikati. Hivyo ndivyo nyumba ile ilivyokula.

Na mama huyu aliwapenda maksai wake. Kila asubuhi, kabla ya nira, alimfungua Jeuri kinywa akatazama ufizi. Aliinua kwato moja moja. Aliweka kiganja ubavuni akasikiliza pumzi. "Umelala vizuri, baba? Umeshiba? Huo mguu vipi leo?" Mvua zikikaribia aliwaongezea mashudu ya pamba na pumba, na jirani akimuuliza mbona anawapa ng'ombe chakula kama wageni, alijibu, "Nguvu ya shambani hupikwa zizini."

Mnaona? Alijua. Hilo lishikeni: mama huyu alijua.

Mwaka ninaousema, mdogo wake alikuwa anaolewa. Sare ikachaguliwa, kitambaa cha zambarau, na kinamama wa ukoo wakaenda kupimwa kwa fundi pale kwenye baraza la sokoni. Zamu ya mama ikafika. Akanyanyua mikono. Fundi akazungusha futi kiunoni, futi ikazunguka, ikazunguka. Na wifi, kwa sababu wifi ana ruhusa ya utani, akapaza sauti barabara nzima isikie:

"Fundi weee! Hiyo futi utaikata bure! Kwa wifi yangu huyu chukua ile kamba ya kumfungia Jeuri!"

Baraza likaangua kicheko. Mwingine akadakia, "Na kitambaa mwongezee turubai!"

Mama akacheka. Sikilizeni vizuri: alicheka. Akampiga wifi begani, akasema, "Mwone, na wewe fundi akupime kwa kijiti cha meno!" Wakacheka tena. Lakini kuna kicheko kinachotoka mdomoni ili kuzuia kitu kingine kisitoke machoni. Nani humu hakijui kicheko hicho?

Wenzake walipotangulia, akarudi kwa fundi peke yake.

"Fundi, vile vipimo vyangu, vipunguze."

"Mama, gauni litakubana."

"Lishone. Mpaka siku ya harusi nitakuwa nimeingia."

"Na usipoingia?"

"Nitaingia."

Na alikuwa mtu wa kufanya alilolisema. Siku ya mnada akapita moja kwa moja mpaka kwa muuza mikanda, ile mikanda migumu ya mpira ya kubana tumbo, yenye ndoano mstari mzima. Kwenye boksi kulikuwa na picha ya msichana anayecheka, msichana ambaye hajawahi kushika plau.

"Mama, huu unayeyusha," muuzaji akamwambia. "Unavaa asubuhi, jioni unajiuliza tumbo limekwenda wapi. Na hii chai unywe nayo."

"Chai ya majani gani?"

"Majani ya kupunguza, mama."

Akalipa. Kuanzia siku hiyo, asubuhi yake ikawa maji ya limau na ile chai. Mchana anawasongea watoto ugali, anawapakulia mlenda, anakung'uta mikono na kusema, "Kuleni, mimi nimeshashiba huko huko jikoni." Jioni, vipande vya tango. Mkanda asubuhi, mkanda mchana, mkanda mpaka kitandani. Zahanati ikatangaza kinamama waje wapimwe presha. Hakwenda. Alipita njia ya nyuma, kwenye migomba, kwa sababu mlangoni pale kuna mizani, na aliona kama mizani ile itasema kwa sauti, mbele za watu. Na kila asubuhi alisimama mbele ya kioo, akauambia mwili wake maneno ambayo asingemwambia hata mbwa wa jirani aliyeiba nyama.

Mwili uliozaa. Mwili uliolima. Mwili uliomlisha kila aliyelala chini ya bati lile.

Kisha mvua ikanyesha.

Ninyi wa nchi hii hamhitaji kuambiwa. Udongo mweusi una saa yake. Ukiwahi, ni jiwe, ncha ya plau inavunjika. Ukichelewa, ni uji, ng'ombe wanazama mpaka magotini. Katikati hapo kuna muda mdogo wa neema, na katika muda huo nyumba inalima au nyumba inalala njaa mwaka mzima. Mama akatoka, nira shingoni mwa maksai, plau begani, mkanda chini ya gauni la shamba.

Mstari wa kwanza ukanyooka. Wa pili, wifi mbele akasikia kitu nyuma yake ambacho hajawahi kukisikia: pumzi fupi fupi, kama ya mtoto mwenye kikohozi. Wa tatu, plau likaruka. Mama akalirudisha. Likaruka tena. Mstari ukaanza kupinda, ukapinda kama njia ya kwenda kilabuni, mpaka Jeuri mwenyewe akasimama na kugeuza kichwa, kana kwamba anauliza, kuna mtu huko nyuma?

Mama alikuwa amepiga magoti kwenye tope.

"Wifi! Wifi, una nini?"

"Jua tu."

"Jua lipi, na wingu lote hili!"

Wifi akamlaza ubavu, akamfungua gauni apate hewa, na mkono wake ukagota kwenye mpira mgumu. Akalipandisha gauni akaona. Ndoano zilikuwa zimeuma nyama. Ngozi pembeni imechubuka, imeiva, kama shingo ya ng'ombe aliyevalishwa nira mbovu. Na yule wifi mwenye mdomo usio na mlango, kwa mara ya kwanza, akakosa neno.

"Hiki nini?" akauliza baadaye.

"Kiache."

"Umekula nini leo?"

"Nimekunywa."

"Nimeuliza umekula nini."

"Wifi, harusi iko karibu na gauni liko kwa fundi. Sivui. Nitalima nacho, na kanisani nitaingia nacho. Huu mwili umenitia aibu ya kutosha."

Wifi akautazama ule mstari uliopinda. Akatazama wingu. Akamwinua mwenzake, akawafungua maksai, wakarudi nyumbani na shamba limebaki.

Alfajiri iliyofuata mama akatoka nje na kikombe chake cha limau, mkanda kiunoni. Akaelekea zizini kuwakagua maksai, kama kawaida. Akasimama.

Jeuri alikuwa amefungwa. Kamba ya katani imezunguka tumbo lake, ikazunguka tena, ikakazwa kwa fundo. Mashudu yake yamesogezwa upande wa Sumuni, na Sumuni anakula bila kuuliza. Mbele ya Jeuri kulikuwa na ndoo ya maji, na juu ya maji vimeelea vipande vya limau. Na juu ya nira, mswaki mdomoni, amekaa wifi.

"Umerogwa?" Kikombe kilimdondoka mama. "Nani kamfanyia hivi?"

"Mimi. Nampunguza."

"Unampunguza nini?"

"Tumbo, wifi. Linatutia aibu. Wenzetu ng'ambo ya mto wanalima na maksai wembamba, wa kisasa, wanapendeza. Sisi tunatembea na hili pipa."

"Ng'ombe wa kulima huyu!"

"Si alime hivi hivi! Akitaka ataweza. Ni nia tu."

"Nia?" Sauti ya mama ikaamsha kuku. "Pumzi yake ataiweka wapi? Ukimkaza hapo ataanguka mtaroni, na mvua inatupita, na watoto watakula nini, nia? Amekula huyu?"

"Amekunywa."

Mama hakusikia jibu lile. Alikuwa ameshachomoa mundu kwenye paa la banda. Akaingiza ncha chini ya kamba, taratibu, asimguse ngozi, akakata. Kamba ikaruka. Jeuri akashusha pumzi ndefu, ndefu, na mbavu zake zikafunguka, na lile tumbo likarudi mahali pake, kubwa, la mviringo, likiyumba. Mama akaweka kiganja ubavuni, akakiacha hapo.

"Pole, baba. Pole. Nani kakuambia una kosa? Hili si ndilo linalotulimia?"

Na maneno yake mwenyewe yakamrudia masikioni.

Wifi alikuwa ameshasimama. Mswaki kautupa. Utani haukuwepo usoni.

"Huyu nimemfunga sasa hivi, hata jogoo hajamaliza kuwika, na wewe umeshamlilia," akasema. "Wewe umefungwa tangu mnadani, wifi. Wewe nani anakulilia?"

Sumuni akatafuna.

"Mkanda uliununua kwa mkono wako. Lakini mdomo wangu ndio uliokupeleka mnadani, pale kwa fundi, na nilijua, maana nilikuona ulivyocheka. Nisamehe. Na huo mundu ukiushindwa, nipe mimi."

Mama hakuutoa mundu. Aliuweka juu ya nira, akaingiza mkono chini ya gauni, akaanza kufungua ndoano mwenyewe, moja, na nyingine, na nyingine. Ilichukua muda, kwa sababu ndoano zilikuwa mstari mzima. Ya mwisho ilipoachia, pumzi ikamshuka kifuani, ikashuka, ikafika chini kabisa, mahali ambapo haikuwa imefika tangu siku ya mnada, na akasimama pale pale zizini akiivuta na kuitoa kama mtu aliyeibuka majini.

Mnadhani alilia? Alilia. Lakini si kwa muda mrefu, kwa sababu alitazama juu akaona wingu.

"Kuna ugali wa jana?"

"Upo. Na maziwa yapo."

"Lete. Mvua haitusubiri."

Wakala wamekaa juu ya nira, bakuli moja, vidole vinagongana. Jeuri akarudishiwa mashudu yake.

"Sumuni amekula ya wawili," mama akasema.

"Leo atavuta ya wawili," wifi akajibu, na mlango wa mdomo ukawa umefunguka tena.

Wakaingia shambani. Plau likauma udongo, likatulia. Mstari ukanyooka, na wa pili ukanyooka, na jioni ilipofika shamba lilikuwa jeusi lote, limegeuzwa, linang'aa. Ule mstari mmoja uliopinda waliuacha. Mahindi yalipoota yakafuata kosa lile lile, yakapinda katikati ya wenzao walionyooka, na mtoto akiuliza kwa nini, mama alimjibu, "Hapo ndipo mama yako alipojifunga kamba."

Sijamaliza. Kuna mtu anawaza moyoni, kwa hiyo mhubiri anasema tule tu, tulale, mwili ni mwili? Ngoja.

Kazi ilipopoa, mama alikwenda zahanati, na safari hii alipita njia ya mbele. Akapanda kwenye mizani. Mizani haikupiga kelele. Muuguzi akampima presha, akamwambia, "Mama, imepanda kidogo. Punguza chumvi, punguza mafuta ya kukaangia, sukari kwenye chai ipungue, ulale mapema, na urudi tuione tena." Na mama akamsikiliza kama anavyomsikiliza bwana mifugo akimweleza habari ya kwato ya Sumuni: bila aibu, bila machozi, jicho kwa jicho, kisha akauliza, "Na hili goti langu la kulia?" Chumvi akaipunguza. Na asubuhi, baada ya kumuuliza Jeuri umelala vizuri, umeshiba, huo mguu vipi, akajifunza kujiuliza na yeye. Maswali yale yale. Sauti ile ile.

Na gauni? Gauni halikuingia. Wifi alichukua sare yake mwenyewe, akafumua marinda yote ya chini, akampelekea fundi kitambaa. "Mwongezee pembeni. Mimi kijiti cha meno nitapendeza na hivyo hivyo." Wakaingia harusini, mmoja hana marinda, mwingine anapumua. Na mlangoni mtu akawahi kumpokea mama kama tunavyowahi sote: "Ehe! Mbona umenenepa hivyo?" Mama akampa mkono, akamjibu kwa tabasamu, "Na nimemaliza kulima. Kwako mmefikia wapi?"

Sasa nilisema mtajua kwa nini jina lake silitaji.

Silitaji kwa sababu nikilitaja, mtageuka kumtazama. Na macho yenu yataanzia tumboni.

Ndiyo. Yumo humu. Wamo wengi. Yuko anayekaa benchi la nyuma kila ibada si kwa sababu amechelewa. Yuko binti aliyeacha kwaya tangu sare mpya ilipogawiwa. Yuko kaka aliyekonda kwa asili yake, na kila Jumapili tunamuuliza mbele ya mchumba wake, unaumwa? Yuko mgonjwa aliyeikwepa zahanati mpaka ugonjwa ukamtangulia, kwa sababu alihofia ulimi wetu kuliko maradhi. Ndugu zangu, nani aliwafunga kamba hao? Muuza mikanda? Muuza mikanda alipokea mteja tu. Sisi ndio tuliomtuma.

Tumezoea kudhani kwamba mtu akidharauliwa vya kutosha atajitunza. Ni nani aliyewahi kukitunza kitu anachokichukia? Taja mkulima mmoja aliyemtukana ng'ombe mpaka akapona. Mtaje! Tunaujua ukweli huu zizini, tunausahau chumbani. Mwili hauponi kwa kuadhibiwa. Unapona kama Jeuri: unatazamwa kwa upole, unaulizwa, unalishwa kwa wakati, unapumzishwa, unafanyishwa kazi, na ukiumwa unatafutiwa dawa bila kuzomewa. Nawaomba tuukague mwili hivyo. Tumbo likubali kupimwa, goti likubali kupimwa, chumvi ikubali kupunguzwa, na chuki ndiyo ikataliwe. Mungu aliyeufinyanga mwili wako hakuwa na boksi lenye picha la kunakilia.

Na usingoje uwe mwembamba ndipo uanze kuuheshimu mwili wako. Shamba halikungoji. Mvua haikungoji. Kuna watu wanakula kwa sababu wewe unapumua.

Basi leo tukitoka, pale mlangoni, tunapopeana mikono, tusiseme umenenepa, tusiseme umekonda. Tuulizane kama mama yule alivyomuuliza ng'ombe wake: umelala vizuri? Umekula? Huo mguu vipi leo? Na tusubiri jibu.

Lakini hilo ni la mlangoni. La sasa ni hili. Kabla hatujasimama kuimba, aliyebana tumbo tangu alipoingia humu, aliachie. Aliyekaza mkanda, alegeze. Hakuna anayekutazama, wote tuna kazi hiyo hiyo. Sasa vuteni pumzi. Si hiyo ya kifuani. Ishusheni. Ishusheni mpaka chini, mpaka mbavu zifunguke.

Hiyo hapo. Hiyo ndiyo mliyopewa siku mlipozaliwa.

Simameni nayo, tuimbe.